Kabla ya Kuamua, Wasikilizwe

Ninyi wa Kilindoni na Baleni, wa Kirongwe na Kanga, wa Chole, Juani na Jibondo, na nyinyi mlio ng'ambo huko Nyamisati, karibuni tena tuzungumze. Leo nina neno juu ya kisiwa kidogo kilichoko kaskazini-magharibi mwa Mafia, kisiwa ambacho wavuvi wetu wanakijua usiku na mchana. Nasema Shungimbili.

Kwa mvuvi, Shungimbili ni dago. Anaondoka na bamvua, amebeba maji ya madumu, unga na chumvi, anapiga kambi mchangani na wenzake, anavua, anaanika, na maji yakifa anarudi kwake. Baba yake alifanya hivyo, na babu yake kadhalika. Hana karatasi ya kuonyesha. Anachoweza kutoa ni ushahidi wa wazee, mafiga ya jikoni aliyoyaacha mwaka jana, na majina ya miamba ambayo ramani haiyajui.

Kwa Serikali, Shungimbili ni eneo tengefu la bahari. Lilitangazwa mwaka 2007 pamoja na Nyororo na Mbarakuni, chini ya Sheria ya Hifadhi za Bahari na Maeneo Tengefu, Na. 29 ya 1994, ile ile iliyotuletea Hifadhi ya Bahari ya Mafia mwaka 1995, ya kwanza ya namna yake Tanzania.

Na kwa mgeni mwenye uwezo, Shungimbili ni kisiwa cha faragha. Mwaka 2016 ilifunguliwa hapo nyumba ya kifahari ya kukodishwa kwa watalii, na huko nje kisiwa kinatangazwa kwa jina la Thanda. Baadaye viongozi wa Serikali wenyewe wakahoji hadharani uhalali wa umiliki wa kisiwa kilichomo ndani ya eneo tengefu. Watu wakagawanyika. Wako waliosema mwekezaji aondoke kesho asubuhi, na wako waliosema aliingia kwa mlango wa mbele, akapewa vibali na maofisa wa umma, sasa anaulizwa nini?

Sikuja kwenye kipaza sauti hiki kuamua nani ana haki. Nimekuja kusema jambo linalotangulia haki ya yeyote kati yao. Mtu asiondolewe kwenye ardhi, wala asinyimwe njia ya riziki, kabla ya kusikilizwa. Awe mvuvi asiye na karatasi, awe mwekezaji mwenye kabati zima la karatasi. Na nasema hivi nikijua kwamba wako watakaokasirika nikimtaja mwekezaji hapa. Nawaomba wanivumilie mpaka mwisho.

Tuanze na jambo tulilolizoea. Kiongozi mkubwa anafika wilayani. Viti vinapangwa chini ya mwembe, spika zinafungwa, watu wanakusanyika. Mwananchi mmoja anasimama na bango: shamba langu limechukuliwa. Kiongozi anamwita ofisa ardhi mbele ya umati. "Hili limetokeaje?" Ofisa anababaika. Hana faili, faili liko ofisini. Kiongozi anageukia umati na kutamka: kuanzia leo shamba ni la huyu mama, na hati ile nimeifuta. Makofi, vigelegele, kamera.

Nami napenda mama yule apate shamba lake. Lakini tuyatazame yaliyopita pale. Aliyekuwa na hati hakuwepo. Hakujua kwamba siku ile ni siku ya kesi yake. Hakuna aliyemwonyesha alichoshtakiwa nacho, na hakupewa nafasi ya kuleta shahidi. Sheria ya Ardhi, Na. 4 ya 1999, haimpi kiongozi yeyote uwezo wa kufuta hati kwa mdomo mkutanoni. Kufuta haki ya kumiliki ardhi kuna utaratibu wake, kuna notisi kwa mmiliki, kuna Kamishna wa Ardhi, na mwisho wake uko mezani kwa Rais. Basi baada ya miezi kadhaa aliyenyang'anywa kwa kipaza sauti anakwenda mahakamani, na mahakama inamrudishia. Si kwa sababu alikuwa mkweli, bali kwa sababu hakusikilizwa. Na yule mama aliyepigiwa vigelegele anarudi alipoanzia, safari hii akiwa na deni la gharama za kesi.

Hii ndiyo sababu nasema kwamba kumnyima mtu nafasi ya kujieleza hakumsaidii hata anayemshinda.

Katiba yetu ya mwaka 1977, Ibara ya 13, kifungu kidogo cha (6), imelisema jambo hili bila kificho. Haki na wajibu wa mtu vinapotakiwa kuamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote, mtu huyo ana haki ya kupewa fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na ana haki ya kukata rufani. Shikeni maneno hayo mawili, "chombo kingine". Maana yake si mahakama peke yake. Ni halmashauri, ni kamati, ni wizara, ni baraza. Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika kesi ya Mbeya-Rukwa Autoparts iliyomo katika ripoti za sheria za mwaka 2003, ilisema kwamba haki ya kusikilizwa si kanuni tu tuliyoirithi kwa Waingereza, imekuwa haki ya msingi ya kikatiba. Na imerudia mara kadhaa kwamba uamuzi uliofikiwa bila kumsikiliza mhusika ni batili, hata ikiwa angesikilizwa uamuzi ungekuwa ule ule.

Wako wanaoona hapo sheria imezidisha. Kama mtu ni mwizi wa ardhi, na kila mtu anajua, kumsikiliza kwa nini? Kwa ajili yao naomba turudi kwenye kisa ambacho watoto wetu wanakisikia madrasa.

Nabii Daud, amani iwe juu yake, alikuwa kwenye mihrabu yake wagomvi wawili walipomwingilia kwa kupanda ukuta. Mmoja akasema: huyu ndugu yangu ana kondoo tisini na tisa, mimi nina mmoja tu, naye anamtaka huyo mmoja, na amenishinda kwa maneno. Kisa chenyewe kimo katika Sura ya Swad. Daud akasema papo hapo kwamba huyo amekudhulumu. Kisha akatambua kwamba alikuwa akijaribiwa, akaanguka kusujudu na kuomba msamaha. Wako wafasiri wanaoeleza kwamba kosa lilikuwa hapo, alitoa neno lake kabla ya kumsikia yule wa pili. Na tazameni nani alikuwa wa pili. Ni tajiri, mwenye tisini na tisa! Huruma yote iko kwa mwenye kondoo mmoja, na hata hivyo haikutosha kuhukumia. Imepokewa pia kwamba Mtume, rehema na amani zimshukie, alipomtuma Sayyidna Ali kwenda Yemen kuwa kadhi, alimwusia asihukumu mpaka amsikie wa pili kama alivyomsikia wa kwanza.

Wenzetu wa dini nyingine wana lao. Mwaka 1718 huko Uingereza, Chuo cha Cambridge kilimnyang'anya msomi Richard Bentley shahada zake bila kumwita. Mahakama ikaamuru arudishiwe, na jaji mmoja akakumbusha kwamba hata Mungu hakumtoa Adamu bustanini kabla ya kumwita na kumuuliza. Jibu la Adamu lilijulikana, na bado aliulizwa.

Sasa turudi Mafia, maana hapa historia yetu yote ni ya kuamuliwa bila kuulizwa. Mwaka 1890 wakubwa wa London na Berlin walipogawana pwani hii, Mafia ilitolewa katika milki ya Sultani wa Zanzibar ikaingizwa katika koloni la Wajerumani, na Sultani akalipwa marki milioni 4 kwa pwani yote. Mwafrika wa Chole aliamka akakuta bendera nyingine. Januari 1915 Waingereza wakaiteka Mafia kwa sababu waliihitaji katika kuiwinda manowari ya Königsberg iliyojificha kwenye delta ya Rufiji. Bendera ya tatu, na bado hakuna aliyeulizwa.

Hayo yalikuwa ya wakoloni. Lakini baada ya uhuru nako kuna yetu. Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970 ilihamisha watu kwa mamilioni bara, na wengi walipoteza mashamba. Huko Kambi ya Simba, wilaya ya Mbulu ya wakati huo, baba na mwanawe walishtaki, na mwaka 1987 mahakama ikawarudishia shamba lao. Rufani ikiwa bado inaendelea, mwaka 1992 ikatungwa sheria iliyozima haki za kimila za ardhi katika vijiji vile, ikakataza mahakama kusikiliza madai hayo, na ikaamuru kesi zilizokuwa zikiendelea zikome. Yaani mtu yuko mbele ya hakimu, na mlango unafungwa. Wakaipinga sheria yenyewe. Kesi hiyo, Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, ilifika Mahakama ya Rufani, na Desemba 1994 majaji wakiongozwa na Jaji Mkuu Francis Nyalali walitamka mambo mawili ambayo kila mwenye shamba la mnazi hapa Mafia inampasa ayajue. Kwanza, haki ya kimila juu ya ardhi ni mali kamili inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, haichukuliwi bila fidia inayostahili. Pili, vile vifungu vilivyowafungia wananchi mlango wa mahakama vilikwenda kinyume cha Katiba, vikafutwa.

Hukumu hiyo, kwa mizani yangu, ni miongoni mwa kubwa kabisa zilizowahi kutolewa katika nchi yetu. Ilimpa mkulima asiye na hati hadhi ile ile ya mwenye hati.

Lakini hadhi kwenye kitabu ni jambo moja, na kusikilizwa hapa kisiwani ni jambo jingine. Hapa ndipo ninapotaka tukae kidogo.

Chukueni notisi. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Na. 5 ya 1999, inasema Rais akitaka kuhamisha ardhi ya kijiji iwe ardhi ya hifadhi au ardhi ya jumla, tangazo litolewe kwenye Gazeti la Serikali na lipelekwe kwa halmashauri ya kijiji, na lisianze kutekelezwa mpaka zipite siku zilizowekwa na sheria. Katika siku hizo watu watoe maoni yao. Eneo likiwa halizidi hekta 250, mkutano mkuu wa kijiji ndio unaokubali au kukataa. Ni utaratibu mzuri kwenye karatasi. Lakini Gazeti la Serikali linauzwa wapi Kanga? Tangazo likibandikwa kwenye ubao wa ofisi ya mtendaji, mvuvi wa dago analisoma lini? Siku za bamvua yuko kisiwani, na akirudi nyumbani siku za maji mafu ana nyavu za kushona na watoto wa kuwapeleka zahanati. Msimu wa kaskazi ukiisha anafuata samaki kwingine, hata Kilwa. Notisi fupi ya wiki mbili inaweza kuanza na kumalizika yeye yupo baharini. Kisha ataambiwa: ulipewa nafasi, hukuja.

Na dago halimo katika ardhi ya kijiji chochote. Hapo ndipo mvuvi anapoanguka kati. Kijiji kinaitwa kwenye kikao cha ardhi yake, mwekezaji anaitwa kwa sababu ana kampuni na anwani, hifadhi inaitwa kwa sababu ni ofisi ya Serikali. Mvuvi wa dago hana ofisi, wala muhuri, wala mwenyekiti. Huyo ndiye asiyesikilizwa, na ndiye aliyekitumia kisiwa kabla ya wote. Nasema wazi kwamba kikao chochote cha kuamua hatima ya Shungimbili, Nyororo au Mbarakuni kisichokuwa na wavuvi wa dago si kikao cha haki, hata kikiwa na mawaziri watano.

Mtaalamu mmoja wa Uingereza, Pat Caplan, aliyefanya utafiti kaskazini mwa Mafia tangu miaka ya 1960, alichapisha kitabu mwaka 1975 juu ya ardhi na koo za huku. Humo ameeleza mambo ambayo sisi tunayaona ya kawaida: ardhi ya kulima ya ukoo, inayofikiwa kwa upande wa baba na wa mama, na minazi ambayo ina wenyewe kwa namna yake. Mgeni akifika na ramani ya satelaiti anaona pori tupu. Hawezi kujua mnazi ule ni wa nani mpaka aketi amsikilize bibi mmoja aeleze urithi ulivyopita. Kwa hiyo kumsikiliza mtu si adabu tu. Ndiyo njia pekee ya kuupata ukweli wenyewe.

Sasa tatizo la pili, na ni zito. Katika migogoro ya ardhi na Serikali, mara nyingi anayedai ndiye anayeamua. Ardhi yote ya Tanzania ni ya umma, na Rais ni mdhamini wake kwa niaba ya wananchi. Wizara moja inatoa kibali, nyingine inalinda samaki, nyingine inatafuta wawekezaji, halmashauri inasubiri ushuru. Wakikorofishana, wanaunda kamati miongoni mwao. Wazee walisema kesi ya nyani usimpelekee ngedere. Kamati ya namna hiyo inaweza kukusanya taarifa, sikatai. Lakini isitoe hukumu. Na kiongozi aliyekwisha kutangaza kwenye vyombo vya habari kwamba fulani ni mdanganyifu, asije tena akakaa kwenye kiti cha kumsikiliza huyo fulani.

Kwenye suala la Shungimbili kuna maswali ya kweli yanayohitaji majibu ya pande zote. Sheria ya Ardhi haimruhusu asiye raia kupewa ardhi isipokuwa kwa uwekezaji, je, utaratibu ulifuatwa? Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa bahari, sasa kwenye kisiwa kidogo hivi, ukitoa mita 60 kila upande, kinabaki nini? Na kama ofisa wa umma ndiye aliyesaini kibali kisichostahili, kwa nini aadhibiwe aliyepewa, mtoaji asiulizwe? Maswali haya hayajibiwi kwa makofi.

Na mwananchi asiporidhika anakwenda wapi? Baraza la Kata, tangu marekebisho ya mwaka 2021, halitoi hukumu tena katika kesi za ardhi, linapatanisha tu, tena ndani ya siku 30. Ukitaka kuishtaki Serikali lazima utoe notisi ya siku 90, na tangu marekebisho ya mwaka 2020 hata halmashauri huwezi kuishtaki bila kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na shauri lenyewe linakwenda Mahakama Kuu. Kwa mtu wa Bweni maana yake ni gari hadi Kilindoni, boti hadi Nyamisati, basi hadi Dar es Salaam, na malazi, na wakili. Kesi ikiahirishwa, arudie safari. Nauliza wabunge wetu: mlipopitisha marekebisho hayo, mlimhesabu mtu wa visiwani?

Hata mlango wa mbali zaidi umebanwa. Mei 2017 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyoko Arusha, iliwapa ushindi Waogiek wa msitu wa Mau dhidi ya Serikali ya Kenya, watu waliokuwa wakiondolewa kwenye ardhi ya mababu kwa jina la hifadhi. Mwaka 2022 ikaamuru walipwe fidia. Mahakama hiyo iko ndani ya nchi yetu. Lakini mwaka 2019 Tanzania iliondoa tamko lililomruhusu mwananchi na asasi kuifikia moja kwa moja. Naomba Serikali ilirudishe.

Nyinyi mnaonisikiliza, msingoje wabunge. Ukiitwa kwenye kikao cha ardhi, dai notisi iwe ya maandishi na kwa Kiswahili. Uliza nani ataamua, na lini. Hakikisha maneno yako yameandikwa kwenye muhtasari kabla hujasaini, na usisaini karatasi ya mahudhurio iliyo tupu juu, maana sahihi ya kuhudhuria imewahi kugeuzwa sahihi ya kuridhia katika vijiji vingi vya nchi hii. Wavuvi wa dago, andikeni majina yenu, undeni umoja wenu, mchague msemaji, mpeleke barua kwa mkuu wa wilaya na kwa ofisi ya hifadhi mkisema: tupo, nasi ni wahusika. Mkipewa barua ya kuondoka, iwekeni tarehe mliyoipokea.

Na ninyi viongozi wa wizara mnaolishika faili la visiwa vyetu, njooni mkae Kilindoni. Mje siku za maji mafu, wavuvi wakiwa nyumbani. Mumwite mwekezaji, muwaite watu wa hifadhi, muwaite wavuvi, kila mmoja aoneshwe alichodaiwa na apewe muda wa kujibu, kisha sababu za uamuzi zitolewe kwa maandishi na zibandikwe hapo forodhani ambapo kila mtu anapita. Mpaka hapo, msiamue.